Jioni moja Gion: mtaa wa wanawake wa sanaa mjini Kyoto



Tangu turudi kutoka Japani, kila siku ya mkutano tunaulizwa swali lile lile: "Muliwaona wale wanawake wenye uso mweupe?" Wengine wanauliza kwa kicheko. Wengine wanauliza kwa sauti ya chini, kwa sababu walisikia kwamba geisha ni malaya wa matajiri. Tuliahidi kujibu kwa maandishi ili kila kikundi kisome kwa nafasi yake. Basi leo tunawaelezea juu ya jioni moja tuliyotembea kwa miguu katika mtaa wa Gion, mjini Kyoto.

Tulikuwa wanne kutoka Bukavu, tuliokwenda kule kwa mafunzo ya kazi za mikono. Aliyetuongoza ni mama mmoja mwenyeji wa mji. Alisema Kiingereza, na mwenzetu aliyesoma Uganda akatutafsiria.

Masharti kabla ya kutembea

Tulikutana karibu na daraja la Shijo, juu ya mto Kamo, saa kumi na moja ya jioni. Ilikuwa mwezi wa kumi na moja, na kule wakati huo giza linaingia mapema. Taa za maduka zilikuwa zimekwisha kuwaka, baridi ilikuwa kali, na sisi tulijifunika vikwembe juu ya makoti.

Yule mama hakuanza na hadithi. Alianza na masharti matatu. La kwanza: musipige mtu picha kama hamujamwomba ruhusa. La pili: musiingie katika vichochoro vyenye kibao cha kukataza, hata mukiona vinapendeza. La tatu: mukisikia sauti ya viatu vya mbao, musimame pembeni, muache njia. Akasema, "Hapa munaingia mahali pa kazi ya wanawake. Hakuna mtu anayependa kufuatwa anapokwenda kazini."

Masharti hayo yana sababu. Watalii walizidi kuwa wengi, na baadhi yao walikuwa wakiwakimbilia wasichana njiani, wakiwazuia kupita, wakiwavuta nguo ili wapate picha. Mwaka wa 2019 wakaaji wa mtaa waliweka vibao vinavyokataza picha katika njia za watu binafsi, na faini ya yeni 10.000. Hiyo haikutosha. Mwaka wa 2024 waliamua kuwafungia watalii vichochoro hivyo kabisa. Barabara kubwa ya Hanamikoji imebaki wazi kwa wote, kwa sababu ni ya mji.

Sisi tulifurahi kusikia hayo mapema. Kwetu pia wageni wamewahi kupiga picha za wamama wanaobeba mizigo mgongoni, bila hata kuwasalimia. Tunajua uchungu wake.

Mwanamke aliyecheza kando ya mto

Pale pale karibu na daraja kuna sanamu ya mwanamke. Jina lake Okuni, wa Izumo. Wanasema mnamo mwaka wa 1603 alikuwa akicheza dansi kando ya mto Kamo na kikundi chake, na watu walijaa kumtazama. Kutokana na dansi yake ilizaliwa kabuki, ile michezo mikubwa ya jukwaani ambayo Japani inajivunia duniani kote. Lakini mwaka wa 1629 serikali ilikataza wanawake kupanda jukwaani. Tangu hapo kabuki ilibaki mikononi mwa wanaume, hata sehemu za wanawake zinachezwa na wanaume, mpaka leo. Na ng'ambo ya barabara, kumwelekea Okuni, kunasimama Minamiza, nyumba ya kabuki.

Tulitazamana. Mwanamke analima, mwingine anavuna: wamama, hiyo si habari ya Japani peke yake.

Lakini muziki na dansi za wanawake hazikufa. Ziliendelea ndani ya nyumba. Gion ilikua mbele ya hekalu la Yasaka. Watu waliokuja kusali walihitaji kupumzika na kunywa chai, na nyumba za chai zikajengwa kwa ajili yao, kama kwetu wamama wanavyouza chai na mandazi karibu na kanisa siku ya sikukuu. Pole pole nyumba hizo zikaanza kutoa pia pombe, nyimbo na dansi. Ndipo likaja jina geisha, maana yake mtu wa sanaa. Watu wa Kyoto wenyewe wanasema geiko. Msichana ambaye bado anajifunza wanamwita maiko. Mji una mitaa mitano ya namna hii, na katika yote mitano, geiko na maiko pamoja hawafiki mia tatu.

Nyumba zenye mama na dada

Tulipita upande wa Shinbashi, kando ya kijito cha Shirakawa. Maji yanapita kati ya mawe, miti imeinamisha matawi, na nyumba ni za mbao, zimefungwa mapazia ya mianzi. Chini ya kuta kuna vizuizi vya mianzi vilivyopindwa, vya kukinga ukuta na matope na mikojo ya mbwa. Hakuna kelele. Mwanga unatoka kidogo kidogo kwenye nyufa za madirisha.

Tulisimama kwenye jiwe lililoandikwa shairi la Yoshii Isamu, mshairi aliyeipenda Gion. Mahali hapo palikuwa na nyumba ya chai ya mwanamke aliyeitwa Isoda Taka. Alipenda vitabu, na waandishi wakubwa kama Natsume Sōseki walikuwa rafiki zake. Wakati wa vita kuu ya pili nyumba nyingi za ukingo huo zilibomolewa ili moto wa mabomu usienee, na ya kwake ikabomolewa pia. Yeye mwenyewe alifariki mwaka ule wa 1945. Mwaka mmoja mbele, serikali ilikuwa imefunga nyumba za starehe, na geisha wengi wakapelekwa kufanya kazi katika viwanda. Baada ya vita walirudi na kuanza upya. Jiwe liliwekwa mwaka wa 1955, na kila tarehe 8 mwezi wa kumi na moja geiko na maiko wanakuja kuweka maua pale. Mtaa wenyewe ulitangazwa mwaka wa 1976 kuwa wa kuhifadhiwa, na nyumba zake za zamani hazibomolewi ovyo.

Kwenye milango fulani tuliona vibao vidogo vya mbao vimepangwa, kila kimoja na jina. Ni majina ya geiko na maiko wanaotoka katika nyumba ile. Nyumba ya namna hiyo inaitwa okiya. Anayeiongoza anaitwa okaasan, neno lile lile ambalo mtoto wa Japani anamwitia mama yake. Kila maiko anapewa pia dada mkubwa, geiko mwenye uzoefu, na wanafunga udugu wao kwa kunywea pamoja vikombe vitatu, kila kikombe kwa mara tatu. Tangu siku hiyo kosa la mdogo ni aibu ya mkubwa. Dada anamtambulisha kwa watu, anamkosoa, anamwombea msamaha.

Nyumba inarithiwa na binti wa kuzaa au binti wa kulea. Kwa sababu hiyo, katika mitaa hii kuzaliwa kwa mtoto msichana ni furaha kubwa, maana ndiye atakayeshika ufunguo. Tulimwomba mfasiri wetu arudie maneno hayo mara mbili. Sisi tunajua wajane waliofukuzwa nyumbani kabla ya matanga kwisha, juu ya kuwa hawakuzaa mvulana.

Feza inayotembea kwa uaminifu

Tulivuka barabara ya Shijo, tukafika kwenye pembe ya Hanamikoji. Pale kuna Ichiriki, nyumba ya chai yenye sifa kuliko zote, na ukuta wake ni mwekundu kama udongo wetu wa Kivu. Inajulikana kwa habari ya Ōishi Kuranosuke, mkuu wa wale askari 47 waliolipiza kisasi cha bwana wao. Mchezo maarufu wa mwaka wa 1748 unamwonyesha akijifanya mlevi mahali hapo ili maadui wasimwogope.

Sisi tulitaka kujua juu ya feza. Kumbe mgeni hawezi kubisha hodi na kuingia, hata akiwa tajiri namna gani. Lazima aletwe na mtu anayejulikana. Na mteja hatoi feza siku ile. Mama wa nyumba ya chai analipa kwanza chakula kilicholetwa kutoka kwa wapishi wa nje, analipa teksi na saa za geiko, kisha baadaye anapeleka hesabu moja. Mteja akikataa kulipa, aliyemleta ndiye anayebeba deni na aibu.

Mwenzetu mmoja akacheka, "Hii si likelemba?" Si sawa kabisa, lakini mzizi ni mmoja: katika likelemba pia hatuingizi mtu ambaye hana wa kumdhamini. Zamani muda wa geiko ulihesabiwa kwa vijiti vya ubani. Kijiti kikiteketea, kimehesabiwa, na hesabu iliandikwa katika ofisi ya mtaa. Sikio la msanii halikuhitaji kusikia mabishano ya bei.

Aliyepita mbele yetu

Tulipokuwa tukishuka Hanamikoji tulisikia kok, kok, kok, na kengele ndogo. Kiongozi wetu akainua mkono. Tukasimama ukutani, simu chini.

Alitoka katika kichochoro, akatembea hatua labda ishirini, akaingia mlango mwingine. Alikuwa mdogo. Chini ya ile rangi nyeupe tuliona shavu la mtoto ambaye kwetu angekuwa bado shuleni. Aliinamisha kichwa kidogo kutusalimia, nasi tukainamisha vyetu. Hakuna aliyesema neno mpaka mlango ulipofungwa.

Kisha yule mama akatufundisha kusoma nguo, kama sisi tunavyosoma kikwembe cha mwenzetu na kujua kama anatoka arusini au matangani. Mkanda mrefu unaoning'inia mgongoni ni wa maiko, na chini yake kuna alama ya okiya yake. Kola nyekundu ni ya mwanafunzi. Siku atakapokuwa geiko kamili anavaa kola nyeupe. Maiko wa mwaka wa kwanza anapaka rangi mdomo wa chini tu. Nywele za maiko ni zake mwenyewe, na analala juu ya mto mgumu ulioinuka ili zisiharibike. Geiko anavaa nywele za bandia. Maua ya kichwani yanabadilika kila mwezi. Huyu tuliyemwona alikuwa na majani mekundu ya vuli. Viatu vyake vya mbao vina urefu wa karibu santimita kumi, na kengele ilikuwa ndani yake.

Ngoma iliyoinua mji

Upande wa chini wa barabara kuna jumba la dansi la Gion Kobu na shule ya geiko na maiko. Tuliliona kwa nje tu, lakini habari zake zilitugusa.

Mwaka wa 1869 mfalme alihamia Tokyo. Kyoto ilibaki kama nyumba iliyofiwa, biashara ikaanguka. Mwaka wa 1872 viongozi wa mji waliandaa maonyesho ya bidhaa ili kuamsha mji, na wakaomba wanawake wa Gion wacheze mbele ya watu wote. Mwalimu wao, Inoue Yachiyo wa tatu, alitunga dansi ambayo wanawake wengi wanacheza pamoja. Inaitwa Miyako Odori, na inachezwa mpaka sasa katika mwezi wa nne. Jina la Inoue Yachiyo linapokewa na mwanamke baada ya mwanamke. Wa nne alitangazwa na serikali kuwa hazina hai ya taifa mwaka wa 1955, na wa tano mwaka wa 2015.

Na shuleni mtu hamalizi. Geiko mwenye miaka sabini bado anakwenda kujifunza dansi, ngoma, filimbi, gita ya nyuzi tatu, na namna ya kuandaa chai. Tuliuliza anajifunza nini wakati anajua yote. Kiongozi wetu akajibu kwamba swali hilo huulizwa na mtu ambaye bado hajaanza.

Jibu la swali lenu

Basi, ni malaya? Hapana. Kazi ya geiko ni sanaa na mazungumzo. Biashara ya mwili inakatazwa na sheria ya mwaka wa 1956. Uongo mwingi ulienea duniani kwa njia ya riwaya ya Arthur Golden ya mwaka wa 1997, ambayo ilisomwa na wengi na kufanywa filamu. Mwandishi huyo alikuwa amemhoji Iwasaki Mineko, geiko aliyekuwa na jina kubwa sana katika Gion. Iwasaki alimshitaki mwaka wa 2001, akisema alivunja ahadi ya kuficha jina lake na kwamba mambo ya kuuza ubikira hayakuwa maisha yake. Walipatana mwaka wa 2003. Kabla ya hapo alikuwa amekwisha kuandika kitabu chake mwenyewe.

Lakini wamama, tusijibu nusu. Zamani familia maskini zilitoa mabinti zao kwa nyumba hizi na kupokea feza mbele, na mtoto akabaki na deni ambalo hakulikopa. Mwaka wa 1872, mwaka ule ule wa dansi, serikali ilitoa amri ya kuwafungua wanawake waliofungwa kwa mikataba hiyo. Amri ilitoka, umaskini ukabaki, na madeni yakaendelea kwa sura nyingine kwa miaka mingi.

Leo msichana hauzwi. Anakuja kwa kupenda kwake, mara nyingi akiwa na miaka 15, baada ya kumaliza masomo ya lazima. Okiya inamlisha, inamvalisha, inamlipia masomo. Katika miaka yake ya kujifunza, karibu mitano, hapati mshahara, anapewa feza kidogo ya mfukoni tu, na kazi yake inarudisha gharama za nyumba. Akimaliza, anakuwa huru: anapanga nyumba yake, anapokea feza yake, ananunua nguo zake. Akiolewa, anaacha kazi.

Mwaka wa 2022 msichana mmoja aliyewahi kuwa maiko alisema hadharani kwamba alinyweshwa pombe kabla ya umri wa sheria na kwamba wateja walimsumbua. Maneno yake yalizusha mjadala mkubwa Japani: je, maiko ni mwanafunzi au ni mfanyakazi? Kama ni mfanyakazi, sheria ya kazi ya watoto inamlinda usiku ule anapokaa kati ya wanaume wanaokunywa? Naye Iwasaki, aliyeipenda dansi kuliko kitu chochote, aliacha kazi akiwa na miaka 29, jina lake likiwa juu, kwa sababu hakuridhika na namna mambo yalivyoendeshwa.

Usiku ule, tulipokuwa tukirudi kuelekea lango jekundu la Yasaka, tulibishana sana. Mmoja wetu alisema: kama binti yangu angepata mama, dada mkubwa, na kazi anayoifanya mpaka uzee, ningemruhusu. Mwingine alisema: miaka 15, mbali na nyumbani, bila mshahara, usiku? Hata kama nguo ni za hariri, hapana. Hatukukubaliana, na mpaka leo bado. Lakini wote wanne tulikubali jambo moja: uso mweupe hautuambii kama kazi ni ya heshima. Tutajua tukiuliza nani anashika feza, nani anamlinda mdogo, na kama mlango unafunguka siku anapotaka kutoka.

Maswali hayo hatuwezi kuyaacha Kyoto. Hapa kwetu kuna mabinti waliotumwa mjini kwa shangazi ili wasaidie kazi za nyumbani, na hawajawahi kushika hata franga moja. Kuna wanaojifunza kushona kwa fundi miaka mitatu, wakilea watoto wa fundi na kuteka maji, na cherehani wanaiona kwa mbali. Wote wanaitwa wanafunzi au watoto wa nyumbani. Wengine wanatunzwa vizuri kweli, wengine hapana.

Tunaomba kila kikundi, katika mkutano wa wiki hii, kizungumze haya: katika mtaa wetu, binti anayejifunza kazi ana mama gani wa kumjibia? Ana dada gani wa kumkosoa na kumtetea? Masharti yake yamesemwa wazi mbele ya wazazi, na siku ya kumaliza imetajwa? Mwandike majibu, muyalete siku ya mkutano mkuu. Na kama kuna binti mnayemjua ambaye hana mtu, mulete jina lake kwa mama mshauri wa kikundi, kwa siri, ili tumtembelee.